Gunia Likishapokelewa, Mkataba Hunyamaza

Na Ofisa Uhusiano wa Jeshi

Hakuna gari linalopokelewa kwa furaha kambini kama lori la chakula. Askari aliyetoka lindo la usiku, kuruta anayesubiri posho yake ya mchana, mke wa koplo aliyetumwa na jirani kuuliza kama maharage yamefika, wote hulitazama lori hilo kwa macho ya kheri likigeuka langoni. Ni wachache miongoni mwao wanaokumbuka kwamba nyuma ya yale magunia kuna karatasi. Na kwamba karatasi hiyo, yaani mkataba uliotiwa sahihi baina ya Serikali na mzabuni, ndiyo inayoamua kama kitakachoingia sufuriani ni maharage au ni vumbi lenye maharage ndani yake.

Makala haya yanahusu fungu moja dogo la karatasi hiyo, ambalo aghalabu huwekwa karibu na mwisho na ambalo askari wengi hawajapata kulisoma: vifungu vya adhabu kwa mzabuni anayeleta bidhaa iliyo chini ya kiwango. Mtu anaweza kudhani kuwa hayo ni mambo ya wanasheria na makarani wa Wizara. Sivyo. Vifungu hivyo huandikwa na wanasheria, lakini huuawa au huhuishwa na sajini wa bohari, na mpishi, na askari polisi wa zamu aliyesimama langoni siku mzigo ulipoingia.

ADHABU YA MKATABA NI NINI

Neno adhabu likitajwa mbele ya askari, fikra zake hukimbilia mahabusu na kwata ya jua kali. Adhabu ya mkataba haimpeleki mtu popote. Ni fedha. Pande mbili zinapoandikiana kwamba maharage yatakuwa makavu, yasiyo na mawe wala fukusi, hukubaliana papo hapo, kabla ya lori la kwanza kupakiwa, kwamba yakija kinyume cha hayo mzabuni atakatwa kiasi fulani katika malipo yake.

Mbali na makato hayo zipo silaha nyingine. Mnunuzi anaweza kuukataa mzigo wote na kumtaka mzabuni auondoe kwa gharama yake mwenyewe. Anaweza kununua kwingine na kumdai mzabuni tofauti ya bei, ikiwa mkataba umesema hivyo. Anaweza kuidai benki ile dhamana ya utekelezaji ambayo mzabuni aliiweka alipopewa kazi. Na kwa mzabuni sugu, mamlaka ya ununuzi wa umma ina uwezo wa kumsimamisha asishiriki zabuni za Serikali kwa muda maalumu.

Lakini kwa nini kiasi cha kukatwa kiandikwe mapema? Kwa nini Serikali isingoje hasara itokee, kisha iende mahakamani kuithibitisha? Jibu bora ninalolijua lilitolewa mwaka 1904, katika kesi ambayo ingefaa kila ofisa wa ugavi aisome, nayo ilihusu manowari, wala si maharage.

MANOWARI ZILIZOCHELEWA

Mwaka 1896 Serikali ya Hispania iliagiza manowari nne ndogo ziendazo kasi kutoka kiwanda cha Clydebank, huko Scotland. Mkataba ulisema kwamba kwa kila wiki ya kuchelewa kiwanda kitalipa pauni 500 kwa kila chombo. Vyombo vilichelewa kwa miezi mingi. Mwaka 1898 Hispania ikaingia vitani na Marekani, na tarehe 3 Julai mwaka huo kikosi chake cha manowari kilichokuwa Santiago de Cuba kikaangamizwa chote kwa siku moja.

Hispania ilipodai fedha zake, wenye kiwanda walikuja na hoja za kila namna. Walisema pauni 500 ni kitisho tu, haina uhusiano na hasara yoyote. Walisema manowari si meli ya biashara. Haichukui mizigo wala abiria, basi Serikali imepoteza senti ngapi kwa kuikosa? Kisha wakaongeza neno la kustaajabisha: lau vyombo hivyo vingefika kwa wakati, vingepelekwa Cuba na kuzamishwa pamoja na vingine, kana kwamba Hispania ilistahili kuwashukuru kwa kuchelewa kwao.

Baraza la Malodi, ambalo wakati ule ndilo lililokuwa mahakama ya mwisho ya Uingereza, lilizikataa hoja hizo zote. Lilisema, kwa ufupi, kwamba watu huandikiana kiasi mapema kwa sababu hiyo hasa: hasara ya namna hii ipo, ila kuithibitisha shilingi kwa shilingi kungelazimu kuchunguza uendeshaji mzima wa jeshi la wanamaji la Hispania. Kiwanda kikawajibika kulipa.

Liondoe neno manowari uweke maharage, na hoja inasimama vile vile. Nani awezaye kuthibitisha mbele ya jaji thamani ya doria iliyofanywa na platuni inayoharisha? Kikosi kilichokula unga wenye ukungu hakitoi risiti ya nguvu kilizopoteza. Ndiyo maana kiasi huandikwa mapema.

MAHAKAMA HAZIPENDI VITISHO

Hata hivyo, upo mpaka. Mahakama za Uingereza zilieleza mwaka 1914, katika kesi ya kampuni ya mipira ya magari ya Dunlop, kwamba kiasi kikipita mno hasara kubwa kabisa inayoweza kutokea, hicho si fidia tena bali ni kitisho, na mahakama haitakitekeleza. Mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya Uingereza iliulegeza msimamo huo kidogo: sasa huuliza kama kifungu kinalinda maslahi halali ya aliyekosewa, na kama hakikupita kiasi katika kuyalinda.

Kwetu Afrika Mashariki tulipitia njia nyingine, ile ya Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872. Mafundisho yake yamo katika Sheria ya Mikataba ya Tanzania, na Uganda iliyaweka katika sheria yake ya mwaka 2010. Yanasema hivi: mkataba ukitaja kiasi cha kulipwa pindi unapovunjwa, aliyekosewa atapata fidia ya haki hata kama hakuthibitisha hasara halisi, ilmradi fidia hiyo isizidi kiasi kilichotajwa. Kwa maneno mengine, kiasi kilichoandikwa ni dari, wala si sakafu.

Kwa hiyo ofisa anayeandika kwa kalamu nzito kwamba mzabuni atalipa mara kumi ya thamani ya mzigo, akadhani amefunga mlango, hajaufunga. Amepaka rangi ukutani picha ya mlango. Mzabuni mwenye wakili mzuri ataipita.

HESABU YA MZABUNI MDANGANYIFU

Sasa tufanye hesabu, na msomaji achukue kalamu. Huu ni mfano tu, wala si zabuni ya mtu. Kikosi kimeagiza tani 100 za maharage kwa shilingi 3,000 kila kilo. Mzigo wote ni shilingi milioni 300. Mkataba unaruhusu uchafu na punje zilizovunjika zisizidi asilimia 2, na unasema kwamba kwa kila asilimia inayozidi hapo, mzabuni atakatwa asilimia mbili za bei.

Mzabuni wetu analeta maharage yenye asilimia 5 ya uchafu. Amezidisha tatu. Maana yake, ameuza tani tatu za mchanga, makapi na punje mbovu kwa bei ya maharage, na faida yake ya wizi ni shilingi milioni 9. Akikamatwa atakatwa asilimia 6 za milioni 300, yaani milioni 18. Hapo anapata hasara, na kifungu kimefanya kazi yake.

Akikamatwa! Neno hilo ndilo kiini cha makala haya. Tuseme analeta mzigo wa namna hiyo mara tatu kwa mwaka, na bohari linamkagua sawasawa mara moja tu. Atavuna milioni 27 na kukatwa milioni 18. Bado amebaki na milioni 9 mkononi, na kifungu cha adhabu kimekuwa kwake ushuru wa njia, autoao huku akitabasamu. Bohari likimkamata mara mbili kati ya tatu, atakatwa milioni 36, na sasa udanganyifu unamla yeye mwenyewe milioni 9.

Ikiwa sheria hairuhusu kuipandisha adhabu mpaka mbinguni, limebaki jambo moja tu liwezalo kupandishwa, nalo ni idadi ya mara za kumkamata. Jambo hilo halimo mikononi mwa mwanasheria. Limo mikononi mwa yule anayepokea.

ALICHOAGIZA NDICHO ALICHOLETEWA

Kabla ya kufika langoni, hapana budi tutazame kosa linalotangulia mapokezi, yaani kuandika vibaya kile kinachotakiwa. Adhabu hufuata maelezo ya bidhaa kama mkia unavyomfuata ng'ombe. Pasipo ng'ombe hapana mkia.

Turudi kwenye vita vile vile vya mwaka 1898, safari hii upande wa washindi. Jeshi la Marekani lilinunua kwa haraka mamilioni ya ratili za nyama ya ng'ombe ya kopo kwa ajili ya askari wake wa Cuba na Puerto Rico. Askari walisimulia kwamba ilikuwa kama nyuzi, haina ladha, na katika joto la visiwani iliwachafua roho. Theodore Roosevelt, aliyekuwa ofisa katika kikosi cha wapanda farasi wa kujitolea na ambaye baadaye alikuwa Rais, alikuwa mmoja wa waliotoa ushahidi dhidi ya nyama hiyo.

Mwezi Desemba 1898 Jenerali Nelson Miles, mkuu wa jeshi hilo, alidai hadharani kwamba nyama nyingine, ile ya barafu, ilikuwa imetiwa dawa kama maiti inayohifadhiwa. Mkuu wa ugavi, Jenerali Charles Eagan, alimjibu kwa matusi makali hata yeye mwenyewe akashtakiwa mbele ya mahakama ya kijeshi. Alihukumiwa kufukuzwa jeshini, kisha Rais McKinley akaibadili hukumu hiyo kuwa kusimamishwa kazi kwa miaka sita. Hivi ndivyo ilivyokuwa: askari walilalamikia nyama, na majenerali wakaanza kulana wao kwa wao.

Baraza la uchunguzi lililoketi mwaka 1899 halikuona ushahidi wa dawa za maiti. Liliona jambo la kawaida zaidi, na kwa maoni yangu la kutisha zaidi: kwamba ile nyama ya kopo ilinunuliwa kwa wingi kabla ya kujaribiwa vya kutosha kama chakula cha askari katika nchi za joto. Jeshi lilikuwa limepata kile lilichoagiza. Ukishaagiza kitu kisichofaa kwa maandishi yaliyo wazi, mzabuni akakuletea kitu hicho hicho, utamkata nini?

Baraza hilo halikumwacha hata Jenerali Miles. Lilimlaumu kwa kuwa, kama kweli aliamini kuwa chakula cha askari wake ni kibovu, alikosea kutotoa taarifa mara moja. Ni vema isemwe pia kwamba askari wa Marekani waliokufa kwa maradhi katika vita hivyo walikuwa wengi mara kadhaa kuliko waliouawa na risasi, na wengi wa wagonjwa hao waliuawa na homa ya matumbo katika makambi machafu. Nyama imebebeshwa lawama nyingi zisizo zake. Hata hivyo kelele zake hazikusahauliwa. Miaka minane baada ya vita, tarehe 30 Juni 1906, Roosevelt akiwa Rais alitia sahihi sheria ya ukaguzi wa nyama.

MOGADISHU, MWAKA 2009

Mfano wa pili uko karibu nasi, na wengine katika wasomaji wetu waliuona kwa macho. Askari wa Uganda waliingia Mogadishu mwezi Machi 2007, na wenzao wa Burundi wakafuata mwishoni mwa mwaka huo, katika jeshi la Umoja wa Afrika lililoitwa AMISOM wakati ule. Mwaka 2009 askari walianza kuvimba miguu, kukosa pumzi, na kusikia moyo ukienda mbio. Baina ya mwisho wa Aprili 2009 na mwanzo wa Mei 2010 walihesabiwa askari 241 waliovimba miguu na kuwa na angalau dalili nyingine moja. Wasiopungua 52 walisafirishwa kwa ndege hadi hospitali za Kenya na Uganda. Wanne walifariki.

Waganga walitafuta vijidudu, hawakuviona. Walitafuta sumu, hawakuiona. Walipochunguza maisha ya wagonjwa waligundua kwamba ugonjwa uliwaandama zaidi wale waliokula chakula walichogawiwa peke yake, bila kuongezea chochote cha kununua nje, na waliokuwa katika vituo vinavyoshambuliwa kila siku. Dalili zilifanana na beriberi, ugonjwa wa kukosa vitamini B1. Walipopewa vitamini hiyo walipata nafuu kwa haraka ya ajabu. Na ilipogawiwa hata kwa askari wazima, wagonjwa wapya walipungua na hapakuripotiwa kifo kingine.

Beriberi si ngeni katika majeshi. Mwaka 1883 manowari ya Japani iliyoitwa Ryujo ilirudi kutoka safari ndefu ikiwa na wagonjwa 169 kati ya mabaharia 376, na 25 walikuwa wamekufa. Daktari Takaki Kanehiro alibadili chakula cha mabaharia, akapunguza utawala wa mchele mweupe, na ugonjwa ukakimbia.

Kisa cha Mogadishu sikisimulii ili kumlaumu mzabuni. Nakisimulia kwa sababu kinaonyesha jinsi chakula kinavyoweza kuwa hakina fukusi, hakina ukungu, kimepimwa uzito barabara, na bado kikamwangusha askari aliye katika handaki. Mkataba unaotaja kilo peke yake hauna cha kusema hapo. Mkataba unaotaja viinilishe, aina ya unga na namna ulivyokobolewa, mboga na matunda ya kila juma, huo una pa kushikia.

LANGONI

Sasa tufike langoni. Sheria ya mauzo ya bidhaa katika nchi zetu inampa mnunuzi haki ya kuukataa mzigo usiolingana na maelezo. Lakini haki hiyo ina mlango wa kutokea. Mnunuzi huhesabiwa kuwa ameukubali mzigo akisema ameukubali, au akiutumia kama mali yake, au akikaa nao kimya kupita muda wa haki. Baada ya hapo bado anaweza kudai fidia kwa ubovu, ila si rahisi tena kumwambia mwenye mzigo aje auchukue. Gunia lililokwisha kufunguliwa na kupikwa limekubaliwa. Na hati ya mapokezi iliyoandikwa "mzigo umepokelewa katika hali nzuri", ikatiwa sahihi na muhuri, ni ushahidi ambao mzabuni ataupeleka mahakamani akiwa ameuweka kwenye fremu ya picha.

Basi kwanza ni bambo, kisha kalamu. Bambo, kile chuma chenye mfereji kichomwacho guniani, ni silaha ya bohari kama bunduki ilivyo silaha ya lindo. Lichomwe chini, katikati na juu ya gunia, maana maharage mazuri hupenda kukaa juu, kama wageni waheshimiwa. Lisichomwe safu ya nyuma ya lori peke yake, kwa kuwa mpakiaji naye anajua ni safu ipi itakayofikiwa na mkono wa sajini mvivu. Kanuni ya zamani ya wapima nafaka ni rahisi: magunia yasiyozidi 10, pima yote, kutoka 10 hadi 100, chagua 10 bila kupendelea, yakizidi 100, chukua kipeuo cha pili cha idadi yake. Kwa magunia 1,000 ni kama 32. Si kazi ya siku nzima.

Kilichotolewa kichanganywe vizuri, kigawanywe mafungu matatu, na kila fungu lifungwe na kutiwa lakiri mbele ya mwakilishi wa mzabuni: moja lake, moja la maabara, moja la kubaki bohari. Mzabuni mwaminifu hupendezwa na desturi hii, kwa sababu inamlinda dhidi ya bohari lililoacha mahindi yanyeshewe kisha likamsingizia yeye.

Yapo mambo yanayoonekana kwa macho, na yapo yasiyoonekana. Kipimo cha Afrika Mashariki kinataka mahindi yasizidi unyevu wa asilimia 13.5. Mahindi yenye unyevu wa asilimia 17 yanatazamika vizuri tu, lakini katika tani 100 umenunua tani tatu na nusu za maji kupita kiasi. Hasara ya maji ni ndogo. Kubwa ni kuvu linaloota humo na sumu yake. Sumu kuvu haina harufu wala rangi ya kuaminika, na jiko haliiondoi. Mwaka 2004 huko mashariki mwa Kenya, katika wilaya kama Makueni na Kitui, watu 317 waliugua kwa kula mahindi yenye sumu hiyo na 125 wakafa. Kipimo cha kanda yetu kinaruhusu sumu kuvu isiyozidi sehemu 10 katika bilioni, na hakuna sajini awezaye kuiona kwa jicho. Kwa hiyo hati iandikwe: "Umepokelewa kwa sharti la majibu ya maabara." Maneno saba yanayoweza kuokoa kikosi kizima.

Adui mkubwa wa ukaguzi, hata hivyo, si kutojua. Ni Ijumaa jioni. Mzabuni mjanja huleta lori wakati jua linatua, bohari likiwa tupu, na askari mia sita wakingoja kula kesho asubuhi. Mkaguzi anayejua kuwa akikataa watu watalala njaa hana uhuru wa kukataa; amekwisha kushindwa kabla hajashika bambo. Dawa yake ni mbili. Bohari liwe na akiba ya siku kadhaa isiyoguswa. Na mkataba utaje saa za kupokea mizigo, pamoja na haki ya kununua kwingine siku ile ile kwa gharama ya mzabuni. Bila hayo, haki ya kukataa ni kama bunduki isiyo na risasi.

Sisemi kitu kuhusu bahasha. Kila msomaji anajua bahasha ni nini na huingilia mfuko gani. Nitasema tu kwamba anayeipokea amemuuzia mzabuni tumbo la mwenzake, tena kwa bei ya chini.

SERIKALI NAYO ILIPE

Haki ina pande mbili, na gazeti la umma halina sababu ya kuuficha upande wa pili. Mzabuni anayeleta chakula safi akakaa miezi mingi bila kulipwa huku benki ikimdai riba, ataongeza bei katika zabuni ijayo, au ataacha kabisa kuomba. Watakaobaki ni wale wenye mtaji wa kungoja na wale wenye nia ya kujilipa wenyewe kwa mchanga. Ofisi inayomkata mzabuni kwa ubovu wa asilimia tatu inapaswa kumlipa zilizobaki kwa tarehe iliyoandikwa. Makato yakitolewa katika malipo yasiyofika, hayana maana kwa yeyote.

KAZI YA POLISI

Neno la mwisho liwaendee ndugu zetu wa polisi, ambao ni walaji kama sisi na pia ni wapelelezi. Si kila mzigo mbovu ni jinai. Mvua ikinyesha njiani na turubai likapasuka, hilo ni jambo la mkataba, na makato yanatosha. Mzabuni akighushi cheti cha maabara, au akilipia sahihi, au mizani ikichezewa, hapo makato hayatoshi na jalada lifunguliwe. Njia hizi mbili hazizuiani. Kumkata fedha hakumwondolei mashtaka.

Marekani, iliyokuwa ikiibiwa na wazabuni katika vita vyake vya wenyewe kwa wenyewe, ilitunga mwaka 1863 sheria iliyomlazimu mdanganyifu kulipa hasara mara mbili pamoja na dola 2,000 kwa kila dai la uongo, na kumpa nusu ya fedha hizo raia aliyelipeleka shauri mahakamani. Mwaka 1986 hasara hiyo ilipandishwa kuwa mara tatu. Uganda nayo ina sheria ya mwaka 2010 ya kuwalinda watoa habari za maovu, ambayo inamtengea mtoa habari asilimia 5 ya fedha zitakazorejeshwa kutokana na taarifa yake. Askari wengi hawaijui. Karani wa bohari anayeona hati moja ikilipwa mara mbili na afahamu kwamba sheria inamtambua.

Mpelelezi atakapofika, atauliza kwanza lile fungu la tatu la sampuli lililobaki bohari. Litakuwa na thamani kama lakiri yake haijavunjwa, tarehe na namba ya lori zimeandikwa, na daftari linaonyesha nani alilishika na lini. Lisitupwe mpaka malipo yamekamilika na muda wa kulalamika umepita. Tena liwekwe mahali pakavu, kwa maana sampuli iliyopata unyevu ndani ya kabati la bohari itaonyesha kosa la bohari, wala si la mzabuni.